Pai ya Mayai ya Mtu Mmoja

Mwalimu wenu wa mapishi pale Garsen amenisumbua vya kutosha. Kila nikienda sokoni ananishika mkono: "Mzee, waandikie wanafunzi wangu ile pai ya mayai, vile unavyoioka nyumbani bila oveni." Haya, nimekaa kuandika. Lakini nawaambia mapema, vijana, mimi si mtu wa kupanga mambo foleni. Nitaanza katikati, nitarudi nyuma, nitawagombeza kidogo, na vipimo vya unga mtavipata huko mbele. Asiyeweza kungoja akaange yai lake, ale, aende zake.

Nilikuwa mpishi katika nyumba ya wageni pale Garsen tangu sina ndevu mpaka ndevu zikaota mvi. Sasa nimestaafu, nakaa kijiji cha Hewani, karibu na msitu wa mtoni. Nakaa peke yangu. Mke wangu Esta alifariki, na binti yetu mmoja, Neema, yuko Mombasa, anafanya kazi katika duka la dawa. Wanaonitembelea bila kualikwa ni nyani, na hao hawapigi hodi.

Sasa sikieni jambo ambalo hamtafundishwa chuoni. Mimi nimelisha meza zilizojaa watu, wakubwa kwa wadogo, wengine wakila wamesimama kwa kukosa viti. Lakini kumpikia mtu mmoja sikuwahi kujifunza. Nani angenifundisha? Kazini kulikuwa na wageni, na nyumbani kulikuwa na Esta. Alipoondoka nikaingia jikoni, nikapima unga kama kawaida, nikakata vitunguu kama kawaida, nikapakua, kisha nikabaki nimesimama na mwiko mkononi. Chakula kilikuwa cha watu, na watu hawakuwepo. Nikafunika sufuria nikanywa chai ya rangi. Kesho yake vivyo hivyo.

Mtu akiishi kwa chai ya rangi, suruali zinaanza kusema. Nikaongeza tundu kwenye mshipi. Nikaongeza jingine. Basi siku moja Neema akapiga simu.

"Baba, nimesikia umekonda."

"Nani amesema?"

"Mtu aliyekuona kanisani. Anasema koti linakuning'inia."

"Hilo koti lilikuwa kubwa tangu dukani."

"Baba, nakuja Pasaka. Nikikukuta umekwisha, unafunga mzigo tunaondoka wote. Na hapo sitaki mjadala."

Nilishtuka, jamani. Kwake ni vyumba viwili ghorofani. Niliwahi kwenda, nikawekwa kwenye kochi mbele ya televisheni, na kila nilipoinuka niliulizwa, "Baba, unataka nini?" Nilitaka jembe, wangenipa wapi? Hapa Hewani nina shamba langu la ndizi na kunde, nina jiko langu, na Esta amelala pale nyuma ya nyumba. Nimwache na nani? Nikaapa moyoni kwamba Pasaka Neema atamkuta baba yake ana mashavu, aone ninajiweza, aniache kwangu. Na ili kumtuliza nikaongeza chumvi kwenye simu. Nikasema, "Nakula vizuri sana. Tena kila asubuhi nakula pamoja na Mama Madina."

Ulikuwa uongo mtupu. Nitawaeleza Mama Madina ni nani, ngojeni kwanza tufike kwenye unga.

Niliichagua pai ya mayai kwa sababu ina kila kitu ndani yake: unga, mafuta, mayai, maziwa, mboga. Mtu akiila kila siku atanenepa apende asipende. Wazungu pale kazini waliiita kishi. Sisi jikoni tulisema pai ya mayai, na mpaka leo jina hilo linanitosha.

Aliyenifundisha ni mpishi mkuu, Bwana Athumani, mtu wa Kipini, Mswahili wa kuzaliwa, msafi wa kanzu na mkali wa ulimi. Nilipoingia jikoni kwake nilianza kuukanda unga kama wa chapati, kwa nguvu zangu zote, nikidhani nitasifiwa. Akanipiga kofi mkononi. "Mato, wewe! Tia mato!" Kwao macho ni mato. "Huu unga si adui yako. Mbona waupiga?" Akanionyesha. Unachukua vikombe viwili vya unga wa ngano, chumvi kidogo, na nusu kikombe cha mafuta mazito yaliyoganda. Unayavunjavunja mafuta ndani ya unga kwa ncha za vidole tu, haraka, mpaka yawe chengachenga. Kisha maji baridi, kijiko baada ya kijiko, mpaka unga ukubali kushikana. Basi. Unaufunika, unauacha upumzike.

Mtasema, "Mzee, mafuta yaliyoganda, Garsen hii?" Ndiyo maana nawaandikia, ninyi mliozoea friji. Friji yetu ilikuwa inakufa kila mara. Bwana Athumani alikuwa anatia mafuta kwenye kopo lenye kifuniko, analitumbukiza ndani ya mtungi wa maji uliokaa kivulini usiku kucha. Na unga ulichanganywa alfajiri, kabla jua halijatoka kutuharibia. Saa tatu ukigusa mafuta ni uji, na pai yako itakuwa ngumu kama kigae. Mimi mpaka leo nina mtungi wa aina ile ile, na alfajiri ndiyo saa yangu. Si kwamba nawahi chochote. Kitanda kikiwa kipana upande mmoja, mtu haoni sababu ya kulala sana.

Ukishausukuma unga kwa chupa na kuutandaza kwenye bati, usimwage mayai bado. Uoke kwanza mtupu, umeufunika kwa karatasi na juu yake maharagwe makavu, ili usifure. Hapo kuna kituko. Maharagwe yale tulikuwa tunayatumia tena na tena, yamekaa kwenye ndoo yake. Siku moja mwenzetu wa kuosha vyombo akaona ndoo ya maharagwe, akaona wafanyakazi wana njaa, akayaweka motoni. Yakachemka asubuhi, yakachemka mchana, kuni zikaisha. Tulipokaa kula ilisikika meza nzima ikisaga kokoto. Bwana Athumani alicheka mpaka kofia ikamwanguka. Niliporudi nyumbani nikamsimulia Esta, naye akacheka, akawa ananiuliza kila nikirudi, "Leo mmewalisha mawe?" Kile kicheko ndicho ninachokikosa zaidi. Najaribu kujisimulia mwenyewe, lakini haichekeshi mtu akiwa peke yake.

Turudi kwa mboga. Kitunguu ukikaange taratibu mpaka kilainike. Mchicha uuchemshe kidogo, halafu uukamue kwa mikono yako miwili mpaka utoe maji ya mwisho. Pilipili hoho ukate nyembamba. Nyanya, vijana, nyanya ni mnafiki. Toa mbegu, nyunyizia chumvi, iache ichuje maji. Mimi mwanzo niliipuuza nyanya, nikapeleka mezani pai iliyokuwa inaogelea, na mgeni mmoja akaomba kijiko.

Mayai manne, na maziwa kikombe kimoja na kitu, uyapige pamoja, umwage juu ya mboga ukishazitandaza kwenye ule unga uliookwa. Maziwa uyachemshe kisha uyaache yapoe kabisa. Ukiwa na papara ukayamwaga ya moto kwenye mayai, umepata mayai ya kuvuruga, na hiyo si pai tena. Mimi niliwahi, sitaki kusema zaidi.

Sasa maziwa. Hapa ndipo anapoingia Mama Madina.

Maziwa ya jikoni kwetu yaliletwa na mama wa Kiorma, na baadaye na binti yake, ambaye aliolewa, akamzaa Madina, na mpaka leo ndiye anayeniletea maziwa hapa Hewani. Hawa mama zetu wafugaji wanafukiza vyombo vyao vya maziwa. Anachukua kijiti cha mti anaoujua mwenyewe, anakiwasha, anakitia ndani ya kibuyu kikiwa chekundu, anatikisa, anafunika. Maziwa yakikaa humo yanashika harufu ya moshi, na yakiingia kwenye pai hiyo harufu haitoki.

Siku moja mezani walikaa mama Mzungu na mfanyabiashara wa ng'ombe, Msomali, mtu mzima na heshima zake. Yule mama akaonja, akafumba macho, akasema kwa sauti, "Lo! Nyama ya nguruwe ya moshi! Tamu sana!" Msomali wa watu akaacha uma hewani, akainuka, akatoka nje kwenda kutema. Bwana Athumani, ambaye swala haimpiti, akamkimbilia mpaka uani. "Wallahi, Haji, hakuna nyama humu! Mimi mwenyewe nimekula!"

"Pua yangu inanidanganya?"

Ikabidi tumwite yule msichana wa maziwa na kibuyu chake. Mzee akafungua, akanusa. Akanusa tena. Akaanza kucheka. "Hii ni nyumba ya mama yangu," akasema, akarudi mezani akala na ya jirani yake.

Basi Mama Madina ndiye huyo. Hata ulipotokea ugomvi kati yetu wakulima na wao wafugaji, na watu wakaacha kusalimiana njiani, yeye alituma maziwa kwa njia zake. Ananiita Mpishi. Na tangu Esta aondoke yeye ndiye mtu anayefungua mlango wangu kila asubuhi akauliza, "Mpishi, umeamka?" Anakaa kwenye kigoda, anapumzisha miguu, tunasema mambo mawili matatu ya mvua na malisho, anaondoka.

Lakini kula nami, hali. Mama Madina hali mayai. Hawa wazee wao wengi hawali, wala kuku, wala samaki. Nilipomkaribisha alicheka akafunika mdomo kwa ushungi. "Watoto wangu huko Garsen wanakula chapati mayai. Mimi ni mtu wa zamani, Mpishi. Yai ni ndege. Mimi nitakula ndege?" Sikumlazimisha. Kwa hiyo mnaona uongo niliomwambia Neema ulikuwa wa ukubwa gani. Ningesema nakula na chifu ingekuwa afadhali.

Na oveni? Haya, hiki ndicho mwalimu wenu anachokitaka. Chukua sufuria kubwa nzito, tia mchanga safi wa mtoni chini, weka mawe matatu madogo juu ya mchanga, na bati lako lenye pai juu ya mawe. Funika kwa bati jingine, palia makaa juu. Makaa mengi juu, machache chini. Na kama makaa yenu ni ya mathenge, ule mti wa miiba, punguzeni, maana yana hasira. Ukiona kingo zimegeuka rangi na katikati panatetemeka kidogo ukitikisa, epua. Pai itamalizikia nje. Wengi wanangoja mpaka katikati pakauke, wanaishia kutafuna ndara.

Nikaanza kazi ya kunenepa. Kwanza nikajaribu kuipunguza, niioke ya mtu mmoja: yai moja, bakuli dogo, unga wa kiganja. Ikaungua chini kabla ya kuiva juu. Nikajaribu tena, ikakauka. Pai haitaki kuwa ndogo, vijana, nimeshindana nayo. Basi nikarudia ile kubwa. Nikaikata vipande nane kama kazini, nikaweka sahani yangu, nikakaa. Nikala kipande. Cha pili kikagoma kwenye koo. Si kwamba ilikuwa mbaya! Ilikuwa pai nzuri, ningeipeleka mbele ya waziri. Ila nilikuwa natazama vipande vilivyobaki, na kila kimoja nilijua kingekuwa cha nani. Nikavigawa kwa majirani. Wakanenepa wao.

Wiki zikaenda hivyo. Pasaka ikafika na mimi nina mashavu yale yale. Nikatafuta shati nene, nikavaa fulana mbili ndani. Mzee mzima, nimejifunga kama mtoto mwenye malaria.

Neema alifika Jumamosi kwa pikipiki, tope mpaka magotini. Alinikumbatia, na nikamwona anapapasa mgongo wangu kutafuta mifupa. Fulana zikanisaidia. Jumapili tulikwenda kanisani, tukapalilia pale kwa mama yake. Jumatatu, siku ya yeye kurudi, alfajiri nilikuwa jikoni. Nilioka pai ambayo sijawahi kuioka kazini. Neema akakaa kwenye mkeka akinitazama, na mara mbili tatu akasema, "Baba, njoo ukae kwanza tuongee." Nikamjibu, "Makaa hayangoji."

Kisha mlango ukafunguliwa. "Mpishi, umeamka?"

Nilikuwa nimesahau kabisa kumwonya. Neema akaruka kumlaki, akampa mikono miwili. "Mama Madina! Karibu, karibu! Asante kwa kumlinda baba. Ameniambia mnakula pamoja kila asubuhi." Na kabla sijapata la kusema alishakata kipande, ameweka kwenye sahani, amempa.

Mama Madina aliitazama sahani. Akanitazama mimi. Nilitamani ardhi inimeze, nikainamia makaa nikijifanya napuliza. Nikasikia, "Bismillahi." Nilipoinua kichwa alikuwa anatafuna. Alitafuna polepole, amefumba macho, akameza. Akakata kipande kingine kidogo kwa vidole, akala. Alikula mpaka sahani ikawa tupu.

"Tamu, mama?" Neema akauliza.

"Tamu. Kila siku tamu," akasema Mama Madina.

Neema akakaa chini akalia. Alilia kama mtu aliyetuliwa mzigo. "Baba, unajua mimi silali? Kila simu ikilia usiku najua ni habari yako mbaya. Basi nimeona kwa macho yangu." Ndipo akanieleza jambo alilokuwa amelificha siku zote hizo. Kazini walitaka kumhamishia Kisumu, akasimamie duka jipya. Alikuwa amekataa kwa ajili yangu. Alitaka twende wote Mombasa, nikae naye. "Sasa nitawaambia ndiyo. Uko sawa, una mtu wa kula naye. Nitakuwa mbali, siwezi kuja kila Pasaka, lakini nitakuwa na amani."

Nikasema, "Vizuri, mwanangu." Nikamfungia pai iliyobaki kwenye gazeti.

Nilimsindikiza Mama Madina mpaka nje. Alikuwa ameshika tumbo. "Mpishi, leo umenilisha ndege."

"Kwa nini umekula?"

"Wewe umesema mimi nakula. Mbele ya mtoto wako nitakufanya mwongo?" Akajitwisha vibuyu vyake. Alipokuwa amefika njiani akageuka. "Lakini mtoto amekuja kuchukua wewe. Wewe unamfukuza na chakula." Akaenda zake.

Pikipiki ikamchukua Neema kwenda kupanda gari Garsen. Nikarudi ndani. Nilikuwa nimeshinda, vijana. Nyumba ni yangu, kochi nimelikwepa, hakuna wa kuniuliza nataka nini. Nikakaa kwenye kigoda kwa sababu mkeka ulikuwa bado na alama ya alipokuwa amekaa, na nikalia kwa sauti, mzee mimi, nikiwa na fulana mbili na shati nene.

Baadaye simu ikalia. Ni Neema, gari limesimama Tarasaa, abiria wananunua maembe.

"Baba, nimeshindwa kungoja, nimeifungua pai hapa hapa njiani. Bado ina joto. Nataka nipige simu kazini sasa, niwape jibu. Niseme ndiyo, sivyo? Uko sawa?"

"Sema ndiyo. Nenda Kisumu," nikamwambia. "Lakini siko sawa, Neema. Mama Madina hajawahi kula yai maisha yake ila leo. Mimi sili. Nenda, nakupa baraka zangu zote, lakini usiende ukidhani niko sawa."

Nikasikia konda akiita watu warudi garini. Kisha Neema akasema, sauti imekwisha, "Baba. Siku mbili zote. Mbona hukusema tukiwa jikoni?"

"Nilikuwa napika," nikasema.